Arash: Tamthilia inapofika bomani, mtafsiri ni mtoto

Kutoka Karatu kwenda Arash kuna njia mbili, na hakuna ya mkato. Moja inapanda kwenye geti la Loduare, inazunguka ukingo wa kreta ya Ngorongoro, inashuka upande wa Olduvai na kukata nyika zinazoelekea Serengeti. Nyingine inarudi chini hadi Mto wa Mbu, inapita Selela na Engaruka, inasogea miguuni mwa mlima Oldoinyo Lengai na kando ya Ziwa Natron, halafu inapanda milima ya Wasonjo hadi Sale na Wasso. Kwa miaka mingi abiria wa njia hii ya pili walishuka kwenye gari wote wakiwa na rangi moja, ya vumbi. Siku hizi kipande cha kilomita 49 kati ya njia panda ya Sale na Wasso kina lami.

Wasso ndiyo mji wa kupumulia. Hospitali yake ilianzishwa miaka ya 1960 na Herbert Watschinger, padri na daktari kutoka Austria, na hadi leo familia za tarafa ya Loliondo hukimbilia hapo mama anapopata uchungu uliokwama au mtoto anapobanwa na kifua. Kusini ya Wasso, ambako nyumba za bati zinapungua na maboma yanaongezeka, ndiko iliko kata ya Arash, wilaya ya Ngorongoro, mkoa wa Arusha. Ni nchi ya majani, migunga na mifugo, na wakazi wake wengi ni Wamaasai.

Wasomaji wengi wa magazeti wanaijua Arash kwa jambo moja, mgogoro wa ardhi. Hapa tutafika huko, maana haukwepeki. Lakini mzazi wa Arash, kama mzazi wa Mbagala au Mwanjelwa, ana jambo jingine linalomsumbua kila jioni. Nalo ni hiki kioo kidogo kinachowaka gizani, ambacho watoto wamekizunguka wakitazama tamthilia ya familia ya watu wengine.

Jioni mbili kwenye boma moja

Kabla ya simu, jioni ya Mmaasai ilikuwa na mwenyewe. Bibi ndiye aliyeshika usukani. Baada ya ng'ombe kurudi na maziwa kukamuliwa, watoto walikaa karibu na moto ndani ya enkaji, ile nyumba ambayo kwa mila hujengwa na mwanamke, wakasikiliza hadithi. Kulikuwa na sungura mjanja na tembo mzito, na kulikuwa na zimwi lenye upande mmoja wa mtu na upande mmoja wa jiwe. Hadithi zilichekesha na kutisha, lakini ndani yake kulikuwa na mafunzo yasiyosemwa waziwazi: mgeni asiyeaminika yukoje, msichana akiwa peke yake porini afanye nini, tamaa humfikisha mtu wapi.

Bibi alijua nani amekaa mbele yake. Kama kulikuwa na mtoto mdogo sana, alipunguza ukali wa zimwi. Kama kulikuwa na kijana aliyeanza utundu, alirefusha sehemu inayomhusu, bila kumtaja. Hadithi ilikuwa moja, lakini kila jioni ilikatwa upya kwa kipimo cha wasikilizaji.

Simu haimjui mtazamaji wake. Video iliyopakuliwa Wasso au Karatu, ikawekwa kwenye memori kadi na kurushwa kutoka simu hadi simu, haihitaji hata mtandao ili kufika kwenye boma. Inachohitaji ni paneli ndogo ya sola ya kuchajia na mtu mmoja aliyerudi kutoka mjini. Ikishafika, inaonekana vilevile kwa mtoto wa miaka 6, kwa kijana wa miaka 17 na kwa babu yao. Ndani yake mume anatoka nje ya ndoa, binti anapata mimba, mjomba anahonga apate uongozi, shangazi anatia sumu kwenye chai. Maisha yote ya watu wazima yanamwagwa katikati ya nyumba kwa wakati mmoja.

Katika mila ya Kimaasai neno kubwa la malezi ni enkanyit, yaani heshima. Enkanyit ina mipaka yake. Mwanamume hawezi kukaa na binti zake, wala na binti za wanarika wenzake, akazungumza mambo ya faragha. Kwa hiyo mapenzi yanapoonyeshwa kwenye kioo huku baba na binti wameketi pamoja, mmoja lazima ainuke. Mara nyingi anayeinuka ni baba. Binti anabaki na simu.

Lufufu wa nyumbani

Waliokulia mijini wanakumbuka vibanda umiza, mabanda ya video ambako filamu ya Marekani, China au India ilionyeshwa huku mtu akiieleza kwa Kiswahili. Aliyepata jina zaidi kwa kazi hiyo Dar es Salaam ni Derek Mukandala, maarufu kama Lufufu. Hakuwa anatafsiri neno kwa neno. Aliongeza utani, akawapa wahusika majina ya mitaani, akaruka asichopenda na kukaza alichoona kina maana kwa watazamaji wake. Mtu aliyetoka kwenye banda alikuwa ameona filamu mbili, ya aliyeitengeneza na ya Lufufu.

Arash nako kuna Lufufu, na ana miaka 11 au 12. Tamthilia zinazofika huku nyingi ni za Kiswahili, na wakazi wengi wa rika la juu, hasa akina bibi ambao hawakupata nafasi ya kusoma, lugha yao ya kila siku ni Kimaasai. Mtoto aliyeko shule ya msingi ndiye anayekijua Kiswahili cha kutosha. Bibi akiuliza, "Huyu mwanamke analia nini?" jibu linatoka kwa mjukuu.

Hapo mamlaka yamehama bila mkutano wowote. Zamani bibi ndiye aliyeamua mtoto asikie nini. Sasa mtoto ndiye anayeamua bibi asikie nini. Daktari wa kwenye tamthilia akimwambia mhusika kuwa ana virusi vya ukimwi, mtoto anaweza kumwambia bibi, "Anaumwa." Msichana akisema ameingia siku zake na hana pedi, mtafsiri, hasa akiwa mvulana, anaweza kuruka sehemu hiyo kabisa. Hafanyi hivyo kwa ubaya. Ana aibu, na pengine hajui hilo neno linaitwaje kwa Kimaasai, kwa kuwa hajawahi kulisikia likisemwa nyumbani.

Basi sehemu ambayo ingekuwa na faida kubwa kuliko zote kwa familia ndiyo inayopotea njiani. Bibi anabaki na kilio bila sababu, na mtoto anabaki na sababu bila mtu mzima wa kumuuliza.

Redio iliyompa mwanamume mzembe jina

Kuna watakaosema hii ni michezo ya kuigiza tu, ya kupoteza muda. Historia ya nchi hii inasema vingine.

Julai 1993 Radio Tanzania ilianza kurusha mchezo wa Twende na Wakati, nusu saa, mara mbili kwa wiki. Mhusika aliyekumbukwa zaidi ni Mkwaju, dereva wa lori mwenye wanawake kila anapolala, na mke nyumbani anayeitwa Tunu. Wasikilizaji walimfuata Mkwaju kituo kwa kituo hadi ukimwi ulipomshika na kumuua. Walimfuata pia Tunu, ambaye mwanzoni alivumilia kila kitu na baadaye akaanza biashara yake ndogo na kusimama kwa miguu yake.

Mchezo ule ulikuwa na jambo la pekee kwa watafiti. Kituo cha Dodoma hakikuurusha hadi mwaka 1995, hivyo watafiti wakiongozwa na Everett Rogers na Peter Vaughan waliweza kulinganisha maeneo yaliyosikia na yale ambayo hayakusikia. Waliona kwamba kwenye maeneo yaliyosikia, matumizi ya uzazi wa mpango yaliongezeka zaidi, na wanandoa walizungumza zaidi kuhusu suala hilo wao kwa wao.

Hilo la pili ndilo la kushika. Redio haikuingia chumbani kumpa mtu kidonge. Iliwapa mume na mke mtu wa tatu wa kumsema. Mwanamke ambaye hawezi kumwambia mumewe, "Una wanawake njiani," anaweza kusema, "Umemsikia yule Mkwaju?" Mume naye akijibu kuhusu Mkwaju, amejibu kuhusu yeye mwenyewe, na hakuna aliyevunjiwa heshima. Ndivyo alivyofanya bibi kwa sungura na zimwi. Tamthilia nzuri na hadithi ya kale ni ndugu. Kila moja inamwezesha mtu kusema jambo zito kwa jina la mwingine.

Mwishoni mwa 2012 ikaja Siri ya Mtungi, tamthilia ya video iliyotengenezwa na MFDI Tanzania na kuchezwa Bagamoyo. Ina Cheche, mpiga picha kijana mwenye mke mwema aitwaye Cheusi na tamaa inayomponza. Ilionyeshwa kwenye runinga, kisha ikawekwa YouTube, ambako inatazamwa bure na yeyote mwenye bando. Watu wengi waliipenda kwa sababu haikuhubiri. Cheche hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kawaida aliyefanya uamuzi mmoja mbaya na kuufunika kwa mwingine.

Lakini Cheche anaishi pwani. Nyumba yake ina baraza na bahari iko karibu. Mtazamaji wa Arash anaelewa uchungu wa Cheusi, maana uchungu wa kusalitiwa hauna kabila. Asichokiona ni boma lake, ng'ombe wake, na lile jambo ambalo kwao limeingia mpaka jikoni: siasa ya ardhi.

Siasa imeketi ndani ya boma

Mijini mtu anaweza kuzima redio na kusema siasa ziishie huko huko. Arash haiwezekani hivyo.

Juni 2022 Serikali iliweka vigingi kutenga kilomita za mraba 1,500 kati ya kilomita za mraba 4,000 za Pori Tengefu la Loliondo, eneo ambalo sasa linafahamika kama Pololeti. Serikali ilieleza kuwa inalinda mazalia ya wanyamapori na vyanzo vya maji. Wananchi walisema hayo ni malisho ya vijiji vyao. Siku zile zilikuwa na vurugu. Askari polisi mmoja aliuawa, wananchi waliripotiwa kujeruhiwa, na baadhi ya watu walivuka mpaka kwenda Kenya. Arash ni kati ya vijiji vinne, pamoja na Ololosokwan, Oloirien na Kirtalo, vilivyofungua kesi katika Mahakama ya Afrika Mashariki mwaka 2017. Septemba 2022 kesi ilitupwa. Novemba 2023 kitengo cha rufaa cha mahakama hiyo kikatengua uamuzi huo na kuagiza isikilizwe upya.

Hizo ni habari za ukurasa wa mbele. Ukurasa wa familia una maswali yake. Malisho yakipungua, nani anaamua ng'ombe yupi auzwe? Kijana akiondoka kwenda kulinda mageti ya watu Dar es Salaam au Zanzibar, kama wanavyofanya vijana wengi wa Kimaasai, mkewe anabaki na nani? Ndugu wawili wakitofautiana, mmoja akitaka kupambana mahakamani na mwingine akiona bora kuhama, watachangia vipi sherehe ya mtoto wa dada yao? Katika tarafa jirani ya Ngorongoro, kuhamia Msomera, wilaya ya Handeni, ni mjadala uliofika ndani ya familia tangu mwaka huohuo wa 2022. Mzozo wa namna hii hauhitaji mtunzi wa kuutia chumvi.

Yako pia ya sheria yanayoingia moja kwa moja kwenye malezi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya wazazi. Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika kesi iliyofunguliwa na Rebeca Gyumi, iliona vifungu hivyo vinakwenda kinyume cha Katiba, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo. Ukeketaji wa msichana aliye chini ya miaka 18 ni kosa la jinai tangu mwaka 1998. Hata hivyo utafiti wa kitaifa wa afya wa 2015/16 ulionyesha kuwa wanawake 41 kati ya kila 100 wenye miaka 15 hadi 49 mkoani Arusha walikuwa wamekeketwa, wakati kwa nchi nzima walikuwa 10 kati ya kila 100.

Namba kama hizo hazibadiliki kwa sheria pekee. Mama anayetaka kumlinda binti yake anamkabili mama mkwe, anamkabili mume, na anakabili hofu kwamba binti atakosa wa kumwoa. Hayo ni mazungumzo magumu kuliko ya bungeni, na hakuna spika wa kuyaongoza. Kama kungekuwa na Tunu wa Arash, mwanamke wa kubuni mwenye shuka na shanga, anayemjibu mama mkwe wake kwa adabu na bado akashinda, mama huyu angekuwa na pa kuanzia.

Rwanda walivyoigiza bonde linalogombewa

Kuna nchi jirani iliyojaribu. Mwaka 2004 Radio Rwanda ilianza kurusha Musekeweya, mchezo wa redio kwa Kinyarwanda ulioandaliwa na shirika la La Benevolencija. Jina lake lina maana ya pambazuko jipya. Hadithi ni ya vijiji viwili, Bumanzi na Muhumuro, vilivyoko kwenye vilima viwili na kutenganishwa na bonde lenye rutuba. Bonde linapewa upande mmoja, na chuki inaanza. Katikati ya chuki hiyo wapo vijana wawili wa vijiji hivyo, Batamuriza na Shema, wanaopendana.

Miaka 10 baada ya mauaji ya kimbari hakuna aliyeweza kukaa barazani na kusema makabila kwa majina. Vijiji vya kubuni viliwawezesha watu kusema habari za ardhi, viongozi wachochezi na jirani aliyekaa kimya.

Mtafiti Elizabeth Levy Paluck aligawa jamii katika makundi mawili kwa bahati nasibu. Moja lilisikiliza Musekeweya kwa mwaka mzima, jingine likasikiliza mchezo mwingine wa redio kuhusu afya. Katika matokeo aliyochapisha mwaka 2009, imani za ndani za watu hazikubadilika sana. Kilichobadilika ni jinsi walivyoona inavyofaa kuishi na wengine, na namna walivyotenda. Mwishoni kila kundi lilipewa redio moja na kanda za mchezo. Makundi yaliyosikiliza mchezo wa afya yalielekea kumkabidhi kiongozi wa eneo vitu hivyo na mambo yakaisha. Yale yaliyosikiliza Musekeweya yalijadiliana, watu wakapingana waziwazi, kisha wakakubaliana wavitunze pamoja.

Mzazi atafakari hilo. Watu walijifunza kubishana bila kugombana, na walijifunza wakiwa wamekaa pamoja kusikiliza. Mtu aliyejifunika shuka na spika za masikioni asingejifunza hivyo.

Kwa nini Arash haina tamthilia yake

Vipaji havikosekani katika jamii iliyolea hadithi kwa karne nyingi, na simu inayopiga video ipo kwenye mfuko wa shuka. Vikwazo viko kwingine.

Cha kwanza ni lugha. Kanuni za utangazaji nchini zinataka redio na runinga zitumie Kiswahili au Kiingereza, isipokuwa kwa kibali maalumu. Lengo la kuwaunganisha Watanzania linaeleweka, na Kiswahili kimeisaidia nchi hii kuliko kitu kingine chochote. Lakini matokeo yake ni kwamba bibi wa Arash anayetaka tamthilia kwa lugha yake ana nafasi zaidi ya kuipata kutoka ng'ambo ya mpaka, ambako Kenya ina redio za Kimaasai kama Mayian FM ya KBC. Redio jamii kama Loliondo FM ziko karibu zaidi na maisha ya watu hawa, ila nazo zinafanya kazi ndani ya kanuni hizohizo.

Cha pili ni gharama za kuwa huru. Kanuni za Maudhui Mtandaoni za mwaka 2018 zilipotoka, mtu aliyetaka kuendesha runinga ya mtandaoni alipaswa kulipa zaidi ya Sh2 milioni kwa maombi, leseni na ada ya mwaka. Baadaye kanuni zilirekebishwa na ada kupunguzwa, lakini kwa vijana wa kijijini wanaotaka kurekodi vipindi vitano vya majaribio, gharama hiyo si ndogo. Juu yake kuna Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976, inayotaka vibali vya kupiga na kuonyesha filamu.

Cha tatu ni woga wa kawaida. Mtunzi akiandika mume mlevi, kila mtu anacheka. Akiandika mwenyekiti wa kijiji aliyeuza malisho, kila mwenyekiti atajiuliza kama ni yeye. Ndiyo maana tamthilia zetu nyingi zina familia tele na siasa haba. Mhusika tajiri yupo, lakini utajiri wake haujulikani umetoka wapi. Mjane anadhulumiwa na shemeji, mara chache sana anaonekana amekwenda baraza la ardhi. Mtazamaji anabaki akidhani matatizo yote yanatokana na roho mbaya za watu, na suluhisho lote ni mbaya kuadhibiwa kipindi cha mwisho.

Mzazi aliyeshika simu hii sasa

Hayo ya kanuni na vibali yana wenyewe. Yaliyo mikononi mwa mzazi ni machache, lakini yana uzito, awe Arash au Arusha mjini.

Kwanza, jua nani ni mtafsiri nyumbani kwako. Kwenye boma ni mwanafunzi anayejua Kiswahili. Kwenye nyumba nyingine ni binti anayejua Kiingereza, au kijana anayeelewa misemo ya mitandaoni ambayo baba haielewi. Mtafsiri anajua mengi kuliko anayoyasema. Umpe kazi hiyo kwa heshima, na umwambie wazi kwamba hataadhibiwa kwa kutamka neno lililomo kwenye kipindi.

Pili, wapeni watoto maneno kabla ya aibu kufika. Mtoto asiyejua kuita hedhi, virusi au ukatili kwa lugha ya nyumbani hawezi kutafsiri tamthilia, na siku akiumia hataweza kueleza yaliyompata. Mhudumu wa afya ngazi ya jamii, mwalimu au muuguzi wa zahanati anaweza kusaidia kupata maneno yanayosemeka mbele ya wakubwa.

Tatu, gawaneni kwa kufuata enkanyit badala ya kuikimbia. Kama baba hawezi kukaa, shangazi anaweza. Kama mama anaona haya, bibi hana haya. Kila mila ina mtu aliyeruhusiwa kusema mambo yale. Kosa ni wote kuinuka kwa pamoja na kumwachia mtoto simu.

Nne, simamisha video na uulize maswali ya bibi. Usiulize, "Umejifunza nini?" maana hilo ni swali la darasani na litapata jibu la darasani. Uliza, "Ungekuwa yeye ungekwenda kwa nani?" Uliza, "Hapa kwetu hili lingekwishaje?" Na kwenye tamthilia yenye mali nyingi isiyo na chimbuko, uliza, "Hii nyumba wameijengea fedha gani?" Hapo siasa imeingia kwenye mazungumzo ya familia, na mtoto ameanza kujifunza uraia.

Tano, mpe bibi zamu yake. Kipindi kikiisha, mwombe aseme nini kingetokea kama hadithi hiyo ingekuwa ya Arash. Mtoto ageuke kuwa msikilizaji. Akitafsiri tena kwa upande wa pili, kutoka Kimaasai kwenda Kiswahili, na mmoja wao akairekodi kwa simu ileile, sauti tu bila picha, familia hiyo itakuwa na kipindi chake cha kwanza. Hakitaonekana popote zaidi ya kwenye memori kadi ya ukoo, na hakihitaji kuonekana.

Usiku Arash hushuka haraka. Taa ni chache, mbwa wanabweka fisi wakipita mbali, na ng'ombe wanahema ndani ya ua wa miiba. Kwenye giza hilo kioo cha simu kinaonekana kutoka boma la jirani. Jirani akiona mwanga wa simu na asisikie sauti ya mtu, ajue kuna mtoto anayetazama peke yake. Akisikia watu wanacheka, wanapinga na kuulizana, basi tamthilia imefika salama.